Tulivyompata Shemeji, mwezi wetu wa kubuni

Mi ni mpishi wa mlimani, Kilimanjaro. Siyo guide na siyo mgumu wa kubeba mabegi ya wageni, mi ni yule jamaa wa mtungi wa gesi na trei za mayai, guide akinitambulisha siku ya kwanza anasema huyu ndo injinia wa tumbo na wageni wanacheka, miaka kumi na moja sasa wanacheka palepale. Nyumbani Pasua, Moshi. Nasema haya mapema maana hii story imezaliwa jikoni, ingezaliwa kwenye tenti la guide ingekuwa kitu kingine kabisa.

Kwa wasiojua, tenti la jiko ndo sehemu yenye joto kambi nzima. Jioni wageni wakishakula wagumu wote wanajazana humo, mmoja kakalia ndoo, mwingine gunia la viazi, simu zimezimwa chaji isiishe, hakuna cha kufanya ni stori tu. Siku hiyo tulikuwa kambi ya Barranco na tulikuwa na wageni wa mwezi mpevu. Hii ni biashara kabisa, kuna watu wanapanga safari yao yote ili usiku wa kwenda kileleni mwezi uwe umejaa, wapande bila tochi, wapige picha barafu inang'aa. Sasa wingu lilikuwa limeshuka zito, mgeni mmoja kanuna kama vile mi ndo nimeufunika huo mwezi na mfuniko wa sufuria. Nikawa naosha vyombo nikasema tu, ingekuwa vizuri kungekuwa na mwezi wa pili.

Mgumu mmoja akauliza, "Februari?"

Tenti zima likaanguka kicheko. Na kweli aisee, kwa Kiswahili huwezi kusema mwezi wa pili mtu asifikirie kalenda na kodi ya nyumba. Mwingine akaongeza kwamba kukiwa na miezi miwili angani mwenye nyumba atadai kodi kwa upi, si atachagua ule unaokimbia zaidi. Ikabidi tuupe jina. Yakapita majina ya ajabu, mwisho mmoja akasema kama kuna mwezi mwenyewe wa siku zote, basi huyu mwingine anayezungukazunguka hapa bila kuzaliwa humu ndani ni Shemeji. Likabaki hilo.

Kesho yake, kambi ya Karanga, nikaanza kuwapa stori kamili, nilikuwa nimeifikiria njia nzima. Nikasema kuna dunia nyingine ina Shemeji angani, na kuna watu wanamwabudu, akitokea wanavaa nguo nyeupe, wanapiga magoti, wazee wanaimba, kila kitu kinasimama. Nilijiona nimepiga bao. Kulikuwa na mzee mmoja wa Kibosho, meku wetu, amebeba huu mlima kabla mi sijazaliwa nadhani, alikuwa anamenya viazi na mi akasikiliza mpaka mwisho alafu akauliza, "Mangi, hao watu wanakula nini?"

Nikakosa jibu. Akasema babu yake alikuwa anamtaja Ruwa, Mungu wa Wachaga, asubuhi anatema mate kuelekea juu, sawa, lakini akimaliza anashika jembe anakwenda kusafisha mfongo, yaani mfereji wa maji ya shamba, kwa sababu zamu yako ya maji ikipita migomba yako inanyauka na Ruwa hakushukii na ndoo. Mtu haabudu kutwa nzima, atalima saa ngapi? Alafu akaniuliza swali ambalo mpaka leo linanisumbua kila nikibuni kitu. Akasema, "Mtu kama wewe hapo, una sufuria la moto mkononi, huyo Shemeji akitokea unafanyaje?"

Sikujua. Na ndo nikaona nilichotunga siyo watu, ni kwaya.

Akatukumbusha ile ya Kibo na Mawenzi, vilele viwili vya mlima wetu, kila mtoto wa Kichaga kaisikia. Mawenzi moto wake ulizimika akaenda kuomba kwa Kibo, akapewa, akarudi tena kuomba, na tena, mpaka Kibo akachoka akamtwanga, ndo maana Mawenzi ana kichwa cha mapengo mapengo mpaka leo na Kibo ana kichwa kizuri cha duara. Ukiwa kambi ya Barafu asubuhi jua linatokea upande wa Mawenzi unayaona hayo mapengo vizuri kabisa. Sasa angalia hiyo stori, milima mirefu namna hiyo, mmoja mita 5,895 mwingine 5,149, na wahenga hawakuweka humo ibada hata moja, waliweka jirani msumbufu anayeomba kaa la moto. Mgumu wetu wa Longido naye akasema kwao Umasaini jua na mwezi ni mtu na mkewe, walipigana wakaumizana usoni, jua likaona aibu kwahiyo likawaka kali ili mtu asiweze kuliangalia, mwezi yeye hana aibu ndo maana unamwona na makovu yake na jicho moja halipo. Yaani ugomvi wa ndani tu. Mi nilikuwa na magoti na nguo nyeupe.

Basi nikaacha kabisa habari ya kuabudu nikaanza kuuliza watu maswali, na hapo ndo ikanoga.

Kwenye timu yetu kuna jamaa kabla ya kuja mlimani alikuwa fundi madishi. Yeye akauliza Shemeji yuko umbali gani. Nikasema karibu. Akasema karibu siyo jibu, setilaiti ya tivii iko kilomita kama 36,000 juu, pale inazunguka sawasawa na dunia ndo maana inaonekana imesimama, na kwa vile sisi tuko karibu na ikweta dishi la Moshi linalala chali kama sufuria la kukinga mvua (kweli angalia mabati ya mtaani kwenu). Kitu kikikaa chini ya hapo kinaishinda dunia mbio. Mi sikuelewa maana yake mpaka trip nyingine tukapata mgeni, mzee mwalimu mstaafu wa fizikia, guide akamweleza kwa utani kwamba mpishi wetu ana mwezi wake. Yule mzee hakucheka. Akaomba kalamu, akachora nyuma ya karatasi ya menyu huku supu yake inapoa, na mi supu ikipoa naumia lakini siku ile nilinyamaza.

Alichosema guide akatafsiri hivi. Mwezi wetu wa kawaida uko kilomita 384,400, unachukua siku 27 na kitu kuzunguka mara moja, kwahiyo dunia inauacha, ndo unatokea mashariki kama jua. Lakini Shemeji mkimweka kilomita 14,000 tu toka ardhini atazunguka kwa masaa 8. Dunia inageuka kwenda mashariki, yeye anakwenda huko huko kwa mbio zaidi, kwahiyo atatokea magharibi na kuzama mashariki. Akasema siyo uchawi, Mirihi ina mwezi mdogo unaitwa Phobos unafanya hivyo hivyo, unazunguka kwa masaa 7 na dakika 39. Na kwa sababu dunia inamkimbilia nyuma, sisi tutamwona akirudi karibu kila baada ya masaa 12, anakaa juu karibu masaa matano.

Wagumu walipoambiwa anatokea magharibi walishangilia. Si tulisema! Shemeji haingii mlango wa mbele, anapitia jikoni.

Ila kilichonimaliza mi ni kivuli. Mzee alichora dunia na kivuli chake akaonyesha kwamba Shemeji kwa vile yuko chini sana, karibu kila akizunguka anaingia kwenye kivuli cha dunia. Kwahiyo jioni anatoka magharibi mwembamba kama ukucha, anapanda huku ananenepa, akipita utosini keshakaribia kujaa, akianza kushuka mashariki ghafla anazimika, robo tatu ya saa hivi, alafu anawaka tena anakwenda kuzama. Yote hiyo usiku mmoja! Isipokuwa Juni na Desemba, maana miezi hiyo kivuli kinaelekea pembeni, yeye anapita bila kuzimika. Fundi dishi akaruka pale pale, akasema ndo hiyo hiyo ya setilaiti, zinaingia kivulini usiku mwezi wa tatu na wa tisa zinaishi kwa betri. Mgumu mwingine akasema kwahiyo Desemba Shemeji halali, basi ni Mchaga huyo, karudi kula Krismasi.

Sasa nikawa na kitu cha kuwapa wale watu wangu. Wa mteremkoni, wenye mifongo, nikasema hao hawana habari ya kumwabudu, wanamtumia kama saa ya zamu ya maji. Zamu yako inaanza Shemeji akitokea, inaisha akizimika, wakati wa giza lake hakuna anayegusa maji, akiwaka tena ni zamu ya jirani. Meku akasikia hiyo akaacha kumenya. Akauliza usiku wa mawingu je? Nikasema hapo ndo ugomvi. Akauliza na Juni ambayo hazimiki? Nikasema Juni ndo mwezi wa kesi, kila mtu anadai zamu yake haijaisha, wazee wanakaa kutwa wanasuluhisha, ukitaka yaishe unampelekea mwenzio jani la sale, lile la Wachaga la kuombea msamaha. Akatingisha kichwa akasema, "Hao sasa watu." Aisee nilifurahi kuliko siku ya tipu.

Wa pwani walinipiga chenga. Tuna mgumu mmoja kazaliwa Pangani, kaoa Rau, huyo aliniuliza swali ambalo mtu wa Moshi hawezi kuliwaza hata akae miaka mia. "Na maji je?" Nikadhani anataka ya kunywa. Akasema bahari, we mpishi. Akanieleza taratibu kama anafundisha mtoto, kwamba mwezi ukiwa mchanga na ukiwa mpevu ndo bamvua, maji yanakupwa mbali mpaka unatembea kwa miguu kutafuta pweza na yakirudi yanajaa kweli kweli, na katikati hapo ni maji mafu, na mvuvi anapanga kazi, mtego, na hata safari kwa hayo. Kwao mwezi siyo pambo, ni bosi. Sasa ukileta wa pili bahari nzima inavurugika. Nikamuuliza yule mwalimu mstaafu asubuhi na chai. Akasema nguvu ya kuvuta maji inategemea uzito, lakini umbali ndo balaa, ukikisogeza kitu mara 2 karibu nguvu hiyo inakuwa mara 8. Nilikuwa nimemfanya Shemeji aonekane mkubwa kama mwezi, akasema huyo wa hivyo atavuta maji vya kutosha na wavuvi wako watahitaji kalenda mpya kabisa. Punguza. Mfanye saizi ya Phobos, kilomita kama 22 upana, ataonekana kama sehemu ya sita ya upana wa mwezi na bahari haitamhisi.

Nikampunguza. Na Mpangani akatoa hukumu mwenyewe bila kuulizwa, kwamba basi watu wa pwani wanamdharau, wanamwita Mvivu, kutwa mara mbili anapita na hajawahi kuvuta hata ndoo moja. Ukimwambia mtoto wa pwani we ni kama Shemeji, maana yake unazurura tu.

Kuna na wa tatu, wale wa kaskazini mwa mwisho kabisa. Huko hafiki, mviringo wa dunia unamficha, hawajawahi kumwona. Hao nawapenda kuliko wote. Kwao Shemeji ni maneno ya walevi waliotoka kusini. Mfanyabiashara wao akishuka huku akamwona kwa macho yake, akirudi hasemi, kwa sababu akisema wataanza kukagua na mizani yake.

Mambo yakaenda hivyo trip mpaka trip, kila mtu anaongeza chake, mpaka akaja dogo mmoja wa Umbwe. Trip yake ya kwanza, mwembamba, kabeba kilo zake 20 bila kulalamika. Hapa nilikosea na nakiri. Wenzangu wakamwambia kwa sura kavu kwamba Shemeji yupo kweli, huwa anaonekana ukiwa juu tu, na mi badala ya kukanusha nikaongezea chumvi. Nikamwambia akae mlangoni pa tenti aangalie upande wa mlima Meru. Tulikuwa Karanga, saa moja na robo jioni, anga safi imebaki rangi ya chungwa nyuma ya Meru, chini taa za Moshi zinaanza kuwaka. Mi nilikuwa nachuja tambi.

Dogo akasema, "Huyo anatoka."

Tukacheka. Akasema tena, sauti imebadilika, "Kaka mpishi, anatoka magharibi." Nikachungulia na chujio mkononi. Nyota kubwa inang'aa kuliko Zuhura, haikonyezi, inapanda toka upande wa Meru kimya kimya, inapita juu yetu, wagumu wote wametoka nje hakuna anayeongea, ikaanza kushuka kuelekea Mawenzi alafu pale katikati ya anga ikafifia ikazimika. Kama nilivyosema mi mwenyewe. Nilisikia nywele zinasimama shingoni, na mi ndo niliyeitunga.

Ilikuwa kile kituo cha anga za juu cha kimataifa, fundi dishi alituambia baadaye kidogo, kinakaa kilomita kama 400 tu juu, kinazunguka dunia kwa dakika 90 hivi, jioni kinaonekana kwa sababu chenyewe bado kina jua wakati sisi tumeshaingia giza, na kikifika kwenye kivuli kinazimika. Maelezo safi. Dogo hakuyataka. Alikaa pale mlangoni mpaka tukamvuta ndani na tambi zilikuwa zimeshakuwa ugali.

Nilijisikia vibaya usiku ule. Nikamwita pembeni nikamwambia ukweli, Shemeji hayupo, ni stori ya jikoni. Akaniangalia akasema, "Najua kaka. Ila nimemwona." Sasa hapo unajibu nini.

Nilivyoshuka nikasomasoma kwenye simu, kumbe wakubwa zaidi yetu yaliwakuta. Mfaransa Le Verrier, huyo huyo aliyepiga hesabu mpaka Neptune ikapatikana mwaka 1846, mwaka 1859 akasema kuna sayari nyingine imejificha kati ya Utaridi na jua, ikapewa jina Vulcan, na wataalamu na darubini zao wakaanza kuiona! Zaidi ya miaka 50 watu wanaitafuta, mpaka Einstein mwaka 1915 akaonyesha kwamba mwendo wa Utaridi unaelezeka bila sayari yoyote ya ziada. Kwahiyo dogo wa Umbwe siyo wa kwanza. Kitu kikishapata jina macho yanakitafutia mwili.

Alafu 2024, mwishoni mwa mwezi wa tisa, mama akanipigia simu nikiwa sokoni Mbuyuni nanunua karoti za trip. Hata salamu hakumaliza. "Baba, mwezi wako umekuja, wametangaza." Ilikuwa ile habari ya jiwe la anga, 2024 PT5, lenye upana wa kama mita 10 tu, lilinaswa na dunia kwa muda wa kama miezi miwili mpaka Novemba 25, magrupu yote yakaandika dunia yapata mwezi wa pili. Nikamweleza mama kwamba haliwezi kuonekana kwa macho, ni dogo, kama basi tu. Akasema sawa, lakini wameliruhusu likae siku ngapi? Kama mgeni kabisa. Nikamwambia mpaka Novemba. Akasema, "Basi Krismasi hatakuwepo huyo, siyo Shemeji wako." Sikujua hata kama alikuwa anafuatilia.

Meku wa Kibosho hapandi tena, magoti. Nilienda kumsalimia na kumwambia ile habari ya mwisho niliyosoma, kwamba mwezi wetu unatukimbia sentimita 3.8 kila mwaka, lakini Phobos anaisogelea Mirihi kama mita 1.8 kila miaka 100 na siku moja mamilioni ya miaka mbele atasambaratika, na Shemeji wetu naye itakuwa hivyo hivyo. Alikuwa na kata ya mbege mkononi, akafikiri. Akasema mwenye nyumba anaondoka na shemeji anasogea, ukoo gani huo usio hivyo.

Mwaka jana tulikuwa Shira na timu nyingine, kampuni tofauti, siwajui hata mmoja. Nilikuwa napita na ndoo kwenda mtoni nikasikia ndani ya tenti lao la jiko mtu anasimulia, na nikasikia jina. Shemeji. Nikasimama. Ana zamu za maji, ana wale wa pwani wanaomwita Mvivu, alafu akaweka kitu ambacho sisi hatukuwahi kukisema hata siku moja. Kwamba mpishi akiwa anachuja sufuria la moto jioni asimwage maji kuelekea magharibi, ndo mlango wa Shemeji ule, utamuunguza miguu akiingia.

Nilitaka kuingia niseme hiyo haipo. Nikaendelea na ndoo yangu. Usiku viazi vilipoiva nikabeba sufuria nje, baridi, mvuke unanijaa usoni, nikajikuta nimelizunguka tenti zima mpaka upande wa Mawenzi ndo nikamwaga.